Mlango Nilioruka

Miaka ya tisini mzee mmoja Mjapani aliniajiri kwa siku nne pale Etterbeek, ughaibuni. Alikuwa mwandalizi wa maeneo ya kupigia filamu, ingawa watazamaji, aliniambia kwa Kifaransa cha kukwamakwama, hawakuwa na habari naye. Kwa miaka thelathini kazi yake ilikuwa kubisha hodi. Kabla kamera hazijafika mtaani, alitangulia nyumba kwa nyumba, akainama, akaomba radhi kwa kelele zitakazokuja, akaacha taulo dogo lililokunjwa. Kwao ndiyo desturi. Mimi nilikuwa mkalimani wake, nikikinyoosha Kifaransa chake kwa wenye nyumba, na nilimcheka kimoyomoyo.

Siku ya mwisho ilibaki sehemu moja ya kupiga picha. Mwigizaji mkuu, bibi mgonjwa, alikuwa anarudi Tokyo kesho yake, na wakubwa walishamwambia mzee kwamba hii ikiharibika asitegemee filamu nyingine. Mzee alikuwa amevimba miguu, kwa hiyo akanituma peke yangu kwenye nusu ya mtaa.

Niliruka mlango mmoja. Ghorofa ya pili walikaa watu wa kwetu Bukavu, wamefiwa juzi na kijana wao. Kwetu huendi matangani na ombi, unakwenda kulia. Nikalitia taulo lao mfukoni, nisimwambie mzee. Nilijiona nina adabu kweli, mjinga mimi.

Kamera zilipoanza tu, dirisha lile likafunguliwa na wanakwaya waliokuja matangani wakaanza nyimbo za msiba. Mwongozaji akasimamisha kazi, akaanza upya, akasimamisha tena. Mzee akaniuliza polepole ni mlango gani haukubishwa hodi. Nilimwonyesha huku machozi yakinilengalenga.

Tulipanda ngazi. Nilimsihi aombe nusu saa tu ya kimya, maana jua la majira ya baridi lilikuwa linaondoka. Mama mfiwa alimtazama, mgeni katika suti nyeusi.

"Ingia, papa. Ikala," alisema. "Mutoto ametuacha, donc tunalia tu."

Nilimfasiria: aketi, mtoto amewaacha, basi wanalia tu. Akavua viatu, akainama sana, akaketi kati ya waombolezaji. Nikamnong'oneza aombe sasa. Akatikisa kichwa kukataa. Nilitamani kumshika mabega nimtikise, maana maisha yake yote yalikuwa yanazama na mwanga ule, na yeye ameketi. Hatukuondoka mpaka giza likaingia.

Chini, mwongozaji alitaka kujua nani alisahau nyumba ile. Mzee akasema ni yeye. Msaidizi wa mwongozaji, aliyejua Kifaransa, akanigeukia, akanifasiria, akaniuliza kama ni kweli. Alikuwa ameniahidi kazi mwezi unaofuata, na mimi kazi sikuwa nayo.

"Ni kweli," nilisema.

Mzee aliniinamia kama alivyokuwa akiwainamia wenye nyumba, akaenda zake. Baadaye nilisikia kwamba hakupewa filamu tena. Ile kazi niliyoahidiwa niliipata, nikaifanya wiki mbili, na taulo lilikuwa bado mfukoni mwa koti langu.