Miringa Iliyokauka Juu ya Kianjokoma

Peninah Ndambiri, Mama Munene kwa majirani, alikuwa mjane mwenye shamba dogo la majani chai juu ya soko la Kianjokoma. Mwaka wa 1995 aliwaita majirani waunganishe misitu miwili ambayo zamani ilikuwa msitu mmoja, kabla wakata mbao hawajaufyeka katikati. Pale penye pengo watu walilima viazi kwa ruhusa ya bwana msitu, ofisa wa serikali, hadi miti itakapokua. Kila Jumatano kina mama ishirini, Peninah akiwa mwenyekiti wao, walipanda miringa na miiri, miti ya asili ya huko, bila malipo. Aliyeimba kwa sauti kuwashinda wote alikuwa Veronicah, rafiki yake tangu wabatizwe pamoja, ambaye shamba lake lilikuwa humo pengoni.

Miche ikaanza kukauka. Wakalaumu mchwa, wakalaumu jua. Peninah akawa anakwea kilima kutoka mtoni na mtungi wa maji mgongoni, akinyweshea mche mmoja mmoja. Siku moja alishika muringa uliosinyaa, ukang'oka bila nguvu. Mizizi ilikuwa imekatwa kwa panga, udongo ukarudishwa vizuri.

Kesho yake alitangulia pengoni asubuhi bila kumwambia mtu. Alimkuta Veronicah amepiga magoti, panga limezama ardhini.

"Kumbe ni wewe?"

Veronicah alipangusa panga kwa leso. "Mama Munene, wewe una chai. Mimi nina hivi viazi tu. Hii miti ikifunga kivuli, nitafukuzwa."

"Si ungeniambia."

"Ningekuambia, ungeacha kupanda?"

Peninah akashuka nyumbani, wala hakumshtaki.

Baada ya wiki mbili bwana msitu aliitisha mkutano, akauliza kwa nini miche inakufa. Peninah alimtazama rafiki yake, akimngoja. Veronicah akasimama.

"Mwenyekiti wetu anatuletea miche mibovu. Tumemwambia mara nyingi."

Peninah aligeukia wenzake waliolima pengoni. Wote walikuwa wakiangalia chini. Hapo akajua panga halikuwa moja. Bwana msitu akamvua uenyekiti papo hapo.

Tangu hapo alipanda peke yake ukingoni mwa mto, mahali ambapo hapalimiki. Pengo lilibaki pengo. Msimu huo viazi vilizaa sana, na Veronicah akamwachia debe zima langoni. Peninah hakuligusa. Alilipita kila siku akienda kuchuma chai, mpaka viazi vikachipua.