Aliyebaki na Pantoni

Pantoni ya Kivukoni ilikuwa mali ya serikali, lakini waliovuta kamba yake walikuwa vibarua. Kiangazi walivusha malori na magunia ya mpunga kutoka ng'ambo moja ya mto hadi nyingine. Masika, mto ulipofurika, waliambiwa waende zao mpaka maji yapungue. Hakuna aliyenung'unika, kwa sababu masika ni miezi ya mbugani. Watu wa Ifakara, kuanzia Kibaoni mpaka Lipangalala, hufunga nyumba zao wakahamia kwenye mipunga kuwinga ndege na kufukuza nguruwe.

Teofili peke yake hakwenda. Alikuwa mtu mrefu, mpole wa maneno, lakini mkaidi usiombe. Mwaka wa kwanza nyapara alimwambia asiiache pantoni hivi hivi, na kwa Teofili neno la nyapara lilitosha. Akaifunga kwa minyororo kwenye miti, akachota maji yaliyoingia, akayasukuma kwa upondo magogo yaliyoletwa na mto. Mwaka uliofuata hakuna aliyemwambia kitu, akabaki vilevile. Nyapara akafariki, Teofili akaendelea kubaki. Wenzake wakambandika jina la mume wa pantoni. Akacheka nao, ingawa mzaha wenyewe haukuwa mbali na kweli.

Mke wake wa ndoa, Serafina, alilima mbugani peke yake. Kila mara alipanda mtumbwi akamletea wali na samaki, akakaa kidogo, akarudi kwenye mpunga. Alimsihi waende wote. Teofili akajibu kwamba kazi ya serikali haiachwi. Miaka ikapita hivyo, kisha masika moja yalipokwisha Serafina akachoka, akahamia kwa kaka yake Dionisi kule Lipangalala, bila ugomvi wala kuita wazee. Binti yao Rosa alikuwa ameshaolewa mbali. Nyumba yao ya Kivukoni ikawa kimya hata Teofili akajikuta anaongea na sufuria. Alijiambia kwamba atamfuata mkewe siku atakapokuwa mtu wa serikali kweli kweli, si kibarua.

Siku hiyo ilielekea kufika. Mwaka huohuo, wa hamsini na sita, ilitangazwa kwamba kibarua aliyefanya kazi miaka mingi mfululizo, bila kukatiza, anaweza kudai aandikwe kazi ya kudumu. Bwana mmoja Mzungu wa serikali akaja Ifakara kusikiliza madai. Teofili akavaa shati lake la kanisani, akaenda.

Karani aliyetafsiri, Eustaki, alimwuliza nani alimwona kazini wakati wa masika. Hapo Teofili akakwama. Wote walikuwa mbugani. Miaka yote alijivunia kubaki peke yake, na sasa upweke huohuo ulimnyima shahidi. Akaambiwa amlete kesho yake, kama yupo.

Akaenda Lipangalala moja kwa moja. Dionisi alimpa kigoda, akamwita dada yake. Serafina alimsikiliza mpaka mwisho, kisha akasema atakwenda, kwa kuwa ni kweli na kweli hawezi kuikana.

Naye alieleza vizuri kuliko Teofili mwenyewe. Alisema jinsi alivyomkuta amezama kiunoni akikata magugu ya mtoni, jinsi alivyotetemeka kwa homa huku ameshika mnyororo. Teofili alimtazama kwa mshangao; hakujua kwamba aliyaona yote hayo. Moyoni alijiona ameshaandikwa. Ndipo Eustaki akauliza posho ya masika, yaani chakula chake, ililetwa na nani.

"Mimi," Serafina akasema. "Nilimpikia, nikamletea kwa mtumbwi. Angekula nini?"

Bwana wa serikali akazungumza na karani taratibu, na jibu likatoka. Mtu aliye kazini hupewa posho na serikali. Aliyelishwa na mkewe alikuwa nyumbani kwake, si kazini. Kwa hiyo kazi ya Teofili ilikatika kila masika, na maji yakipungua aje tu, kibarua kipo.

Nje, Serafina alishindwa kumwangalia. Alisema chakula chake ndicho kilichomponza. Teofili akakataa, akamwambia bila chakula kile angekuwa kaburini siku nyingi. Kisha akalitoa neno alilolichelewesha miaka yote.

"Mama Rosa, masika haya twende wote mbugani."

Serafina alikuwa bado anampenda, hilo halikufichika, lakini alitikisa kichwa.

"Nilikuwa nakuita wakati naogopa kulala peke yangu kule, tembo wakipita. Sasa siogopi tena, baba Rosa. Usinirudishe kwenye kungoja."

Akashika njia ya Lipangalala.

Mvua zikaanza, watu wakahama. Teofili akabaki Kivukoni, safari hii akijua wazi kwamba hayuko kazini. Magugu yakaja na mto, yakaizonga pantoni pande zote. Aliyatazama yakirundikana siku kadhaa, akiwa amekaa tu mlangoni. Halafu akavua shati, akaingia majini kuyakata, maana zaidi ya ile pantoni hakuwa na mwingine wa kumhudumia.