Kiti cha Pontiano

Kila Agosti, siku ya mtakatifu somo wa jumuiya yao, Vedasto alivaa suti ya kijivu aliyofungia ndoa Bukoba, akasimama mbele ya Wakatoliki wenzake wa Minneapolis, akawasimulia maisha ya Papa Pontiano. Miaka kumi na minne alisimulia, na miaka kumi na minne aliruka sentensi ileile.

Nyumbani alikuwa mwalimu wa historia. Huku, katika nyumba ya wazee kule Eden Prairie, kazi yake ilikuwa kuwageuza wagonjwa vitandani wasipate vidonda, nao walimwita Vito kwa sababu jina lake liliwachosha. Jumapili tu ndipo alipokuwa mtu. "Mwenyekiti," waliita, "tuongoze kwa sala." Neno hilo lilimtosha wiki nzima.

Mwaka huu walikutana kwa Avelina, katibu, huko Apple Valley. Minong'ono ilikwisha kumfikia: eti sala zake hazina mwisho, eti watoto hawamwelewi. Akaamua kuwanyamazisha kwa desturi ya kwao. Mzee akisema sasa napumzika, watu humshika mkono: hapana, baba, unatuacha na nani? Humkatalia mara tatu, naye huketi tena, kiti kimekuwa kipya.

Basi safari hii hakuiruka ile sentensi. Alieleza jinsi Kaisari alivyompeleka Pontiano migodini Sardinia, kisiwa ambako aliyepelekwa hakurudi, pamoja na Hipoliti, padri aliyekuwa amempinga na kujitenga naye, akaondoka na wafuasi wake. Hapo jicho lake lilimwangukia Muriuki, aliyekaa karibu na mlango. Miaka sita iliyopita Mkenya huyo aligombana naye juu ya kwaya, akaondoka na nusu ya jumuiya. Leo amekuja peke yake.

"Kisha Pontiano akajiuzulu," alisema, "ili Roma isikae bila mchungaji. Nami, ndugu zangu, naona saa yangu imefika."

Akausubiri mkono.

"Asante sana, Mwalimu," alisema Avelina, machozi ya kweli yakimlenga. "Tulikuwa hatujui tukuambieje."

Makofi yakalipuka, na vigelegele juu yake. Mwalimu. Tayari hakuwa Mwenyekiti. Kutoka jikoni ikaletwa keki yenye maandishi ya buluu: Asante kwa Utumishi Wako. Krimu ilikuwa ngumu kwa baridi; keki ilikuwa imelala kwenye friji tangu jana.

Vedasto akatabasamu mbele ya simu zote. Akafungiwa kipande kikubwa, akatoka nje kusubiri mtu wa kumrudisha nyumbani, Cedar-Riverside. Waliomleta walikuwa bado wanacheza muziki.

Gari likasimama mbele yake. "Ingia mzee, nitaku-drop," alisema Muriuki.

Walivuka mto. Mwishowe Vedasto akauliza, "Na wewe, wale wako walikukatia keki?"

Muriuki akacheka, cheko kavu. "Keki? Mimi walinitoa kwa WhatsApp. Niliamka asubuhi nikapata niko nje ya group. Na group nilianzisha mimi!"

Walipofika chini ya maghorofa Muriuki akazima injini, lakini hakuna aliyeshuka. Vedasto akafungua karatasi juu ya magoti yake, akaigawa keki kwa vidole. Ilikuwa tamu kiasi cha kuumiza meno. Wakaila yote.