Mama Mkwe Alinisindikiza Kupima

Tangazo lilisomwa kanisani Jumapili, baada ya lile la mnada wa mavuno: Jumatano wauguzi wangepima wanawake saratani ya mlango wa kizazi, bure, kwenye kituo cha afya. Mzee wa kanisa alilisoma haraka haraka bila kuinua macho. Sisi wanawake tukainamia vitabu vya nyimbo.

Nilikuwa na miaka thelathini na minane na watoto wanne. Sikuumwa popote, nikaona hiyo ni sababu tosha ya kutokwenda. Kusema kweli, niliona aibu.

Jumatano asubuhi nilikuwa naosha karoti za kupeleka sokoni Lushoto. Mama mkwe akaja, amevaa kitenge chake cha kanisani na sweta. Kwa miaka kumi na sita niliyokaa naye hatukuwahi kuzungumzia mambo ya ndani ya mwili. Hata mimba zangu alizijua kwa kuziona tu.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Acha hizo karoti. Tunakwenda kituoni."

"Mama, mimi siumwi."

"Ndiyo maana tunakwenda leo."

Sikuweza kumkatalia. Tukaanza kupanda mlima, ukungu umetanda. Katikati ya njia alisimama kupumzika, akaanza kuongea Kishambaa kwa sauti ya chini, ingawa tulikuwa wawili tu. Akanieleza habari za mdogo wake aliyekuwa akichuma chai Bulwa. Nilijua alishafariki, sikujua alifariki kwa nini. Kumbe alitokwa damu muda mrefu, akawa anaficha. Alipokuja kusema, madaktari hawakuwa na la kufanya.

"Mimi ndiye niliyemwosha," mama akasema. "Utoto wetu wote tulilala kitanda kimoja, na hakuniambia. Alinionea haya mimi."

Kisha akaendelea kupanda.

Kituoni muuguzi, binti wa umri wa wajukuu zake, alimwamkia kwa heshima, akamweleza kwamba yeye umri wake umeshapita ule unaopimwa siku hiyo.

"Basi andika nimemsindikiza huyu," akajibu. "Na nitakaa naye ndani."

Nilitamani kukimbia. Lakini nilipolala kitandani alinishika mkono, akageuza uso dirishani, akawa anatazama mikaratusi ya nje mpaka mwisho.

Muuguzi alipaka siki ya kuonyesha kasoro, akasubiri kidogo, akamulika.

"Kuna alama nyeupe," akasema. "Si saratani. Ni sehemu iliyoanza kubadilika, na tukiiacha inaweza kuja kuwa saratani. Ukikubali, tunaiunguza leo hii."

Nikakubali. Zilikuwa dakika chache, na maumivu kama ya hedhi.

Kilichonitisha zaidi ni agizo la mwisho: nisikutane na mume wangu kwa wiki sita. Njia nzima ya kurudi nilikuwa napanga maneno ya kumwambia. Sikuyatumia. Mama alimkuta mwanawe akipalilia kabichi, akamwita pembeni. Nilisikia sehemu tu: "Wiki sita. Ukiona nyingi, njoo ulale kwangu." Mume wangu, mtu mzima mwenye ndevu, aliitikia "Ndiyo, mama" mara tatu.

Mwaka uliofuata nilirudi kupimwa, safari hiyo peke yangu. Hapakuwa na alama yoyote. Siwezi kujua kama ningeugua. Muuguzi mwenyewe alikiri kwamba mara nyingine alama zile huondoka zenyewe. Huwa nalifikiria hilo ninapowaona wanangu wakila: pengine sikunusurika na chochote, na pengine nilinusurika na kifo, wala hakuna wa kunithibitishia.

Wakati narudi nilimkuta mama shambani akipanda viazi. Nikamweleza. Aliweka jembe chini, akanitazama usoni kwa muda mrefu kuliko alivyowahi kunitazama.

"Mungu ni mwema," akasema.

Kisha akanisogezea kikapu cha mbegu, tukapanda hadi mvua ilipotufukuza.