Mama Kamera Alipokataa Kuniombea

Nakumbuka, mwanangu, msimu mmoja wa kupura alizeti, Mfaransa alikuja kwetu Ikungi kupiga picha za filamu ya wakulima. Mwanamke mtu mzima, mvi kichwani, kamera begani. Tukamwita Mama Kamera. Kiswahili chake kilikuwa cha kuungaunga, na mimi, niliyekuwa nimemaliza kidato cha nne, nikapewa kazi ya kumtafsiria Kinyaturu. Nikaipenda ile kamera hadi usingizi ukanikimbia!

Alinisimulia alikotoka. Kwao alianza kwa kufagia studio na kubeba masanduku ya lenzi. Wanaume waliomkuta pale walipanda vyeo, yeye akabaki na masanduku. Siku mpiga picha mkuu alipougua, akaishika kamera, na hakuiachia tena. "Walinicheka. Nikawaacha wacheke, nikafanya kazi," alisema.

Alipokaribia kuondoka aliniambia nimfuate Dar es Salaam, anifundishe. Sasa nani amwambie baba? Baba yangu alikuwa mkali, we acha tu! Na kwetu jambo zito mtoto humpelekea baba kupitia watu. Nikamtuma mama, baba akanyamaza. Nikamtuma shangazi, baba akanyamaza tena. Nikamwendea Mama Kamera, maana mgeni hakataliwi.

Akakataa katakata. "Akikubali kwa heshima yangu, nikipanda ndege kurudi kwetu atakurudisha nyumbani. Kamera unaitaka wewe au mimi?"

Mh! Nilikasirika, nikamwona ana roho mbaya. Lakini jioni nilimfuata baba zizini, akikamua ng'ombe, nikapiga magoti.

"Shikamoo baba. Nataka kwenda kujifunza kamera. Ukinikataza leo, kesho nitakuja kukuomba tena."

Aliendelea kukamua. Kisha akasema, "Mama yako nimemsikia. Shangazi yako nimemsikia. Nilikuwa nakungoja wewe. Nenda. Ila ukishindwa, usinitumie mtu. Njoo useme mwenyewe."

Nililia kwa furaha palepale, kwenye mavi ya ng'ombe. Nimezeeka na kamera, mwanangu, na siku za kushindwa zilikuwa nyingi, lakini maneno ya kumwambia baba kwamba nimeshindwa sikuyapata.

Basi sikia. Wazee waheshimu, ushauri upokee. Ila mtaka cha mvunguni sharti ainame. Hamwinamishi shangazi yake. Haja ya moyo wako iseme kwa kinywa chako, kwa adabu, na ukikataliwa rudi tena.

Mungu akupe sauti, mwanangu. Na ikitetemeka, itoke hivyohivyo.