Uso wa Juu wa Mkate wa Ufuta

Jumamosi, tarehe 2 Machi 2024, jiko la umeme lenye uso wa kioo liliwekwa katika nyumba ya Radhiya Kheir, Kiembe Samaki, Unguja. Tarehe hiyo imo katika karatasi ya dhamana, ambayo nimeiona.

Zilibaki siku kumi kuingia Ramadhani. Mama yake Radhiya, Bi Mwatima Msabah, mwenye miaka sitini na minane, alikuwa amehamia hapo kutoka mtaa wa Malindi, hapohapo Unguja, baada ya daktari kumkataza moshi wa makaa kwa sababu ya pumu. Katazo hilo lilimgusa sana. Kila mfungo alikuwa akizipikia nyumba kadhaa za mtaani kwake mkate wa ufuta wa kufuturia, na mkate huo hutaka moto mara mbili: chini ukishashika kwenye kikaango cha chuma, kikaango hupinduliwa juu ya seredani, jiko la makaa, ili makaa yaubabue uso wenye ufuta. Jiko jipya lilikuwa na macho mawili tu, bila tanuri. Kama uso wa juu haungeiva hapo, angelazimika kuacha.

Radhiya alimsomea masharti yaliyokuja na jiko. Chombo kiwe na kitako bapa na kikavu, kinyanyuliwe, kisiburutwe, vyungu visiwekwe kabisa, maana hukwaruza, na taa nyekundu ikiwaka, kioo kingali cha moto hata kama jiko limezimwa. Bi Mwatima alisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza kama lile ni jiko au mwali aliyetiwa ndani.

Kesho yake alijaribu. Chini ya mkate paliiva vizuri. Hapo mkono ukafuata mazoea ya miaka arubaini: akakipindua kikaango, akataka kukilaza kifudifudi juu ya kioo. Radhiya akamdaka kifundo cha mkono.

"Mama, ukikifunika hivyo moto hauna pa kutokea. Kioo kitapasuka."

"Na mkate ubaki na uso mweupe kama wa mgonjwa?"

"Kishike juu tu. Kisiguse."

Bi Mwatima akakishika kwa kitambaa, umbali wa vidole viwili kutoka kwenye kioo, akikizungusha polepole. Makaa yangemaliza kazi kwa dakika mbili. Hapa zilipita saba. Mkono ulipochoka, Radhiya aliushika mpini pamoja naye. Punje za ufuta zilizodondoka ziliachwa mpaka taa nyekundu ilipozimika, ndipo zikafutwa. Uso wa mkate ulitoka na rangi ya asali, bila yale madoa meusi ya makaa.

Ramadhani nzima wakapika hivyo, wawili, na kila alasiri mikate ikapelekwa Malindi. Bi Mwatima hakumwambia mtu kwamba imeivia kwenye umeme. Radhiya ananiambia hakuna aliyelalamika. Mama yake anasema mwenye njaa ya magharibi halalamiki. Kama walaji waliitambua tofauti, haijulikani, hakuna aliyewauliza.