Mistari Minne Aliyoruka Kezia Ogden

Tulimzika Kezia Ogden Jumanne iliyopita, na gazeti la Rochdale likampa mstari mmoja: jina, umri, kijiji. Nguruwe aliyeshinda maonyesho wiki hiyo hiyo alipewa mistari tisa. Siku hizi gazeti ni peni moja, kila kijana analo lake mfukoni, na hao vijana waliobeba jeneza hawajui kwamba mwanamke yule ndiye aliyekuwa gazeti letu sote. Wanajua tu kwamba kwa miaka ishirini na saba hakufungua kinywa kusoma mbele za watu, hata zaburi. Wanadhani alikuwa na maringo. Mimi najua sababu, na sehemu ya sababu hiyo ni mimi.

Zamani hizo watu wa Hollin Edge hawakusoma gazeti, walisomewa. Mume wangu Eli alikuwa fundi wa viatu vya soli za mti, na kwa kuwa karakana yake ilikuwa na jiko na mabenchi, kila Jumapili baada ya ibada watu thelathini au arobaini walijibana humo. Gazeti letu, *Mwenge wa Kaskazini*, lilichapwa Leeds na kuletwa na mchukuzi wa mizigo. Nyumba ishirini zilichangia nakala moja, maana serikali ilikuwa imelibandika ushuru makusudi ili watu wa mikono migumu wasijue mambo. Tuliyajua vivyo hivyo.

Kezia alikuwa mfumaji, hana mume, akiishi na mdogo wake Jabez katika nyumba ya juu kilimani, mitambo miwili ya kufumia dirishani. Kusoma alijifunza shule ya Jumapili, na kufika miaka kumi na miwili alimpita mhubiri, ambaye hakumsamehe mpaka anakufa. Umbo lake dogo, ungedhani upepo utamchukua, lakini sauti! Akisoma hotuba ya bungeni, Eli aliacha kupiga misumari.

Kanuni ilikuwa moja tu: msomaji haruki, haongezi. Alianzia juu ya safu ya kwanza akaishia kwenye jina la mchapaji, na katikati alisoma mnada wa farasi na vidonge vya kuondoa gesi tumboni. Msomaji wa kabla yake, Bwana Hirst, tulimwondoa kitini kwa sababu aliitia chumvi hotuba ya waziri mmoja, akamtukania mama yake. Matusi yenyewe tuliyafurahia sana. Lakini tulimwondoa.

Maana tuliyosomewa Jumapili, Jumanne yalikuwa maoni yetu wenyewe. Ungemkuta Seth Lumb kisimani akichambua kodi ya ngano kana kwamba ameiota kichwani mwake, na ole wako ukimwambia, "Bwana Lumb, hayo si alisoma Kezia?" Angekununia mwezi mzima. Gazeti likisema fulani ni mwizi, basi ni mwizi. Saa kumi na moja jioni lilikunjwa likapelekwa ng'ambo ya kilima, kwenye kilabu cha Dobb End, ambako Mzee Wardle, askari wa zamani mwenye mguu mmoja, aliwasomea watu wa huko. Kwa hiyo tulikuwa nalo mchana mmoja tu.

Mwaka wa 1839 tulikuwa tunadai kura. Tulikutana nyikani, maelfu, na askari wakaja na farasi. Wakamkamata Amos, mtoto wa pekee wa Seth Lumb, wakisema amempiga askari kwa jiwe. Jabez Ogden alikuwa amesimama bega kwa bega na Amos siku ile. Kesi ilipoitwa Lancaster, alikwenda kwa miguu kutoa ushahidi, akarudi Ijumaa miguu imevimba, kabla hukumu haijatolewa. Jumapili alikaa benchi moja na Seth, wakagawana tumbaku. Sote tulikuwa tunangoja jambo moja: Amos anarudi au harudi?

Kezia aliwahi kuniambia kwamba jicho la msomaji hutangulia kinywa. Kinywa kiko mstari huu, jicho limeshafika wa pili. Basi alisoma, "Amos Lumb, mfumaji, amekutwa na hatia. Atapelekwa Australia kwa miaka saba." Seth alitoa sauti ambayo sijapata kuisikia tena kwa mtu mzima.

Kisha akasema, "Endelea. Nani alimsemea vibaya mwanangu?"

Niliona shingo ya Kezia imeiva wekundu, nikadhani ni uchungu. Akaendelea: "Katika kesi iliyofuata, mwizi wa kondoo kutoka Bury..."

Aliruka mistari minne. Ilisema kwamba Amos ametiwa hatiani hasa kwa ushahidi wa jirani yake mwenyewe, Jabez Ogden, mfumaji wa Hollin Edge, aliyeletwa na upande wa serikali.

Fikiria hali yake. Mdogo wake ameketi pale, goti lake linagusana na goti la Seth. Seth ameokota nyundo ya Eli bila kujijua na anaipitisha mkono huu mkono ule. Na Kezia hajui kama habari ni ya kweli! Anachojua ni kwamba saa tisa na nusu imepita, na ikifika saa kumi na moja gazeti litavuka kilima, na Wardle hana sababu ya kuruka kitu. Akasoma yaliyobaki yote, farasi na vidonge, bila kukwama, na sisi hatukushuku.

Alipomaliza alimvuta Jabez nyuma ya nyumba, penye rundo la makaa. Maneno waliyosemezana aliniambia yeye mwenyewe, miaka mingi baadaye.

"Jabez, ulisema nini kule Lancaster?"

"Si nilikwambia? Nilisema Amos hakurusha hata kokoto."

"Niangalie."

"Dada, una nini wewe leo?"

"Gazeti linasema wewe ndiye uliyemfunga. Shahidi wa serikali."

Jabez alicheka, kisha akaona dada yake hacheki. "Basi rudi ndani ukawasomee. Nitawajibu mbele yako."

"Utawajibu nini? Umeiona nyundo mkononi mwa Seth?"

"Nikikimbia nimekiri."

"Na ukibaki, nani atakungoja umalize sentensi? Nenda Leeds, kwa hao hao waliochapa. Wakueleze."

Jabez akamtazama sana. "Hebu niambie kwanza, dada. Unaniamini mimi au unaliamini gazeti?"

"Nilichelewa kumjibu, Nan," Kezia aliniambia, huku analia. "Pumzi moja tu. Lakini aliiona."

Jabez akashika njia ya nyuma. Saa kumi na moja gazeti likapanda kilima, na Wardle hakuruka kitu. Saa moja jua lilikuwa bado linawaka tulipowaona watu wa Dobb End wanateremka, nusu ya kijiji chetu wameungana nao, Seth mbele. Mimi nilijifunga mtandio nikatoka. Eli akanishika mkono, "Mke wangu, hili si letu," nikamsukuma. Lisemwalo lipo, nilimwambia, na hili limechapwa kabisa!

Kezia alisimama mlangoni peke yake. Hawakumgusa, walimpita tu. Wakautoa mtambo wa Jabez kwa dirisha la juu vipande vipande, na kitambaa cha wiki tatu kikiwa juu yake. Seth hakupanda. Alibaki pale chini akimkazia Kezia macho.

"Ulimruka mwanangu," akamwambia. "Nilikuuliza mbele ya watu, nani alimsemea vibaya, ukanisomea kondoo!"

Mimi nilipiga kelele, nikamwita mlinda msaliti, na mengine ambayo leo siyaandiki.

Jumapili iliyofuata hapakuwa na msomaji. Bwana Hirst alikuwa amehamia Oldham. Gazeti lilifika, likalala juu ya benchi, na sisi tukalizunguka tukiliangalia. Wengine walijua herufi mbili tatu, Eli aliweza kutambua jina la duka, lakini maandishi yale madogo yalitushinda. Wiki ya pili tukavumilia mpaka Jumamosi. Njaa ya habari haina adabu, tukamtuma Eli akamwite Kezia.

Hatukujua kwamba alfajiri ya Jumapili hiyo aliyokuja Kezia, Jabez alikuwa amerudi. Siku tatu alikaa mlangoni pa ofisi ya gazeti, mpaka mhariri akatafuta daftari la mwandishi wake wa Lancaster akakuta yule bwana amechanganya mashahidi wa pande mbili. Masahihisho yangetoka wiki hiyo. Kezia alimwambia mdogo wake, "Simama nje chini ya paa mpaka niyasome. Nikimaliza tu, ingia, uwashike mikono." Hata viazi aliviacha jikoni, vya watu wawili.

Aliingia ameshika kichwa juu. Sisi tulikuwa tumenuna, mikono vifuani. Akasoma ukurasa wa kwanza, wa pili, wa tatu, na hakuna aliyeguna. Ukurasa wa nne, chini kabisa, baada ya dawa ya minyoo, sauti yake ikabadilika. Akasoma polepole:

"Katika taarifa yetu ya kesi ya Amos Lumb tulikosea. Jabez Ogden wa Hollin Edge aliitwa na upande wa utetezi, naye alimtetea mshtakiwa kwa uaminifu. Tunamwomba radhi."

Seth alikuwa amefungua mdomo, na naapa, kama hapo asingesema mtu, yule mzee angelia, na mambo yangekwisha. Lakini nilikuwepo mimi, Nan Crabtree, na ulimi wangu.

Nikasema, "Hilo ni gazeti linasema, Kezia, au ni wewe?"

Karakana ikaangua kicheko.

"Njooni mwone!" Kezia akalinyoosha gazeti. "Seth, njoo wewe. Hapa. Hapa kwenye kidole changu."

Seth akainama, akakodoa macho. "Naona sisimizi," akasema.

"Ni jina la Jabez hili! Na hili la mwanao!"

"Utasema hivyo. Juzi jina lake lilikuwepo ukasema halipo. Leo halipo unasema lipo."

"Seth, kwa jina la Mungu..."

"Muacheni asome," mtu wa nyuma akadakia, "labda chini kidogo imeandikwa Jabez amefanywa askofu!"

Wakacheka tena, nami nikacheka, nikageuza uso kupangusa machozi ya kicheko, na hapo nikamwona dirishani. Jabez. Kofia mkononi, nywele amezilowesha akazichana, kama mtu anayekwenda kuposa. Alikuwa ananitazama mimi. Mtu huyu ndiye aliyenibebea jeneza la mwanangu wa kwanza mpaka makaburini, kwenye theluji, Eli akiwa kitandani na homa. Ningeweza kusema, "Huyo hapo, mwiteni, tumuulize." Nilinyamaza. Nilimwamini Wardle, ambaye sikuwahi hata kupeana naye mkono. Jabez akavaa kofia yake, akaondoka dirishani.

Saa kumi na moja tukalifuata gazeti kilimani, watu wazima zaidi ya ishirini, kwenda kumfumania Kezia katika uongo wake. Tulimwambia Wardle tu, "Anzia chini ukurasa wa nne." Akasoma dawa ya minyoo. Kisha akasoma, neno kwa neno, yale yale. Seth akamwomba arudie. Akarudia. Seth akaketi sakafuni.

Niliteremka kile kilima mbio, mimi wa kwanza, viatu vinagonga mawe, mtandio umebaki njiani. Nilimkuta Kezia ameketi kizingitini, sufuria ya viazi miguuni, haijaguswa.

"Yuko wapi?"

"Liverpool. Kuna meli ya Amerika."

"Tumwahi! Eli ataazima gari la mchukuzi..."

"Amekata njia ya nyikani. Hamtamwona." Hakunikasirikia, na hilo ndilo lililonitia hofu. "Nilimwambia asubiri Wardle asome. Nilimwambia, ifikapo saa kumi na mbili wote watakuja hapa kukupigia magoti. Akasema Seth ana haki, Seth amepoteza mtoto. Wengine wote pia angewasamehe, alisema, wanafuata upepo tu."

"Na mimi?"

Kezia alichukua sufuria, akasimama, akafungua mlango.

"Aliniuliza kama lile la 'gazeti au ni wewe' ni wewe kweli uliyelisema, au sauti tu imefanana," akasema. "Nikamwambia ni wewe."

Akaingia ndani.